Shekemu, Katanga na Foleni ya Maji



Nawasalimu katika jina lipitalo majina yote, ninyi mnaolala chini ya maturubai na ninyi ambao tayari mmekandika kuta. Somo letu linatoka 1 Wafalme 12:1-24. Mwenye Biblia afungue, asiye nayo asogee kwa jirani.

Nimelichagua somo hili kwa sababu ya jambo lililotokea kisimani wiki mbili zilizopita. Foleni ilikuwa ndefu, jua kali, na mazungumzo yalikuwa yale yale: vita hivi tangu Oktoba 2017, Palma ilivyovamiwa Machi 2021, nani amerudi na nani hajaonekana tena. Kijana mmoja, tena mwanakwaya wetu, akasema gesi imegunduliwa katika bahari yetu tangu 2010 lakini sisi tunakula mihogo mikavu. Maputo iko mbali, zaidi ya kilomita 2,000. Basi Cabo Delgado ijitenge iwe nchi, tuone kama tutakosa maji. Watu wakapiga makofi. Hapo mwingine akadakia: "Sawa, lakini siku hiyo kwanza waondoke Wamakua, halafu hawa Wakongo." Mama mmoja Mmakua akatoa dumu lake kwenye foleni, akarudi nyumbani bila maji. Mama huyo hushiriki nasi Meza ya Bwana.

Mimi ni Mkongo, mgeni katika nchi hii. Nilivuka Ruvuma hapa hapa Namoto nikiwa kijana, nikielekea Nampula, na wenyeji walinipa ugali kabla ya kuniuliza jina. Mgeni hana kura nyumbani mwa watu, na sitawafundisha watu wa Msumbiji namna ya kuitawala nchi yao. Ila habari ya jimbo kujitenga naijua kwa machozi ya ukoo wangu. Nikinyamaza nitakuwa yule mlinzi wa Ezekieli 33 aliyeuona upanga asipige tarumbeta.

Tuanze na Neno. Makabila 12 ya Israeli yalikuwa na mfalme mmoja, lakini kwa mapatano. Daudi alitawala Yuda peke yake miaka 7 na nusu kabla wazee wa makabila mengine hawajaja Hebroni kufanya naye agano (2 Samweli 5). Sulemani alipokufa, watu walikutana Shekemu na mwanawe Rehoboamu. Hawakuja na mikuki. Walikuja na ombi moja: nira ya baba yako ilikuwa nzito, tupunguzie. Wazee wakamshauri asikilize. Vijana waliokua pamoja naye wakamshauri awatishe, naye akawafuata hao. Kisha akamtuma nani kwenda kuwatuliza? Adoramu, msimamizi wa shokoa yenyewe! Ni sawa na kumtuma kicheche akasuluhishe ugomvi wa kuku. Wakampiga mawe akafa, na makabila 10 yakaondoka.

Ndugu, angalieni kwamba lawama ya kwanza hapa ni ya mfalme. Aliyeziba masikio ndiye aliyeupasua ufalme. Kwa hiyo kilio cha kijana wetu juu ya gesi si dhambi, na mchungaji atakayemwambia anyamaze tu hajaisoma sura hii. Lakini endeleeni mbele ya mstari wa 24. Je, nira iliondoka? Yeroboamu aliogopa watu wake wasiende kuabudu Yerusalemu na mioyo yao ikamrudia Rehoboamu, akatengeneza ndama mbili za dhahabu, moja Betheli, moja Dani. Dini ikawa kizuizi cha mpakani. Vita kati ya pande hizo mbili havikukoma. Mwaka wa 5 wa Rehoboamu, Shishaki mfalme wa Misri akapanda Yerusalemu akachukua hazina za Hekalu. Baadaye Asa wa Yuda alimpa mfalme wa Shamu fedha na dhahabu iliyobaki ili awapige Israeli, ndugu zake mwenyewe (1 Wafalme 15). Mali waliyoigombania ndugu ikaishia mikononi mwa jirani.

Sasa niwapeleke kwetu. Kongo ilipata uhuru tarehe 30 Juni 1960 ikiwa na majimbo 6, kila moja na bunge lake na serikali yake. Siku 11 tu baadaye, tarehe 11 Julai, Moïse Tshombe alitangaza kwamba Katanga ni nchi. Sababu zake mngezitambua: shaba ni yetu, na inaliwa na Léopoldville iliyo mbali, tena wageni kutoka Kasai wamejaa katika miji yetu. Ubelgiji ilimsaidia kwa maofisa na silaha, na kampuni kubwa ya madini ikalipa kodi kwake. Hata hivyo hakuna nchi hata moja iliyoitambua rasmi Katanga.

Babu yangu alikuwa Mluba wa kaskazini mwa Katanga, akifanya kazi ya reli Elisabethville, mji ambao leo ni Lubumbashi. Alizaliwa Katanga, na baba yake pia. Lakini chama cha Waluba wa kaskazini, cha Jason Sendwe, kilikataa kujitenga, kwa hiyo kila Mluba akahesabiwa adui. Babu alizoea kusema: "Nililala raia, nikaamka mgeni, na sikuhama hata kitanda." Asubuhi moja alikuta alama ya chokaa mlangoni. Hakujua nani ameichora, na hilo lilimuumiza kuliko alama yenyewe, maana aliyeijua nyumba yake lazima awe jirani. Mwaka 1961 makumi ya maelfu ya Waluba walikimbilia kambi iliyolindwa na askari wa Umoja wa Mataifa pale pale mjini. Shangazi yangu alizaliwa humo. Fikirini, wapendwa: mkimbizi ambaye akisimama penye mlango wa hema anaona bati la nyumba yake!

Huko kaskazini mambo yalikuwa mabaya zaidi. Askari wa Katanga walichoma vijiji, na wapiganaji wa Kiluba nao wakaua. Tarehe 8 Novemba 1960, pale Niemba, Waluba waliwashambulia askari wa Ireland wa Umoja wa Mataifa, wakafa 9. Hao walikuwa wametumwa kulinda amani. Nalisema hili na uso ukiwa chini, kwa sababu waliofanya hivyo ni watu wa kwetu, na ukoo ulioonewa hupenda kusimulia upande mmoja tu.

Januari 1961 Patrice Lumumba, waziri mkuu aliyekuwa ameondolewa, alipelekwa Katanga akauawa usiku ule ule. Januari 1963 Katanga ikasalimu amri. Mtu angesema basi, yamekwisha. Hayakwisha. Askari wengi wa Tshombe waliingia Angola, na watu wao wakarudi na bunduki mwaka 1977 na tena 1978. Mobutu, aliyetwaa madaraka Novemba 1965, aliyapunguza majimbo, akayanyang'anya uwezo wa kujiamulia, na hata jina la Katanga akalifuta, pakaitwa Shaba. Katanga ilitaka yote, ikapoteza hata ile serikali ya jimbo iliyokuwa nayo. Na yale maneno ya "wageni" hayakufa. Miaka ya 1992 na 1993 watu wa asili ya Kasai walifukuzwa Likasi na Kolwezi, wengi wakiwa wamezaliwa huko huko, wakalala kwenye stesheni za reli wakingoja treni ya kwenda mahali wasipopajua.

Mtaniuliza, je, waliofanikiwa? Eritrea iliunganishwa na Ethiopia kwa shirikisho mwaka 1952. Mfalme akalivunja shirikisho hilo mwaka 1962, Rehoboamu mwingine, na vita vikaendelea miaka karibu 30 kabla ya uhuru wa 1993. Sithubutu kuwaambia Waeritrea kwamba walikosea. Lakini mwaka 1998 nchi hizo mbili zilipigana tena kwa ajili ya mpaka wa Badme, wakafa makumi ya maelfu. Sudan Kusini ilipata uhuru tarehe 9 Julai 2011. Mafuta mengi yalibaki kusini, bomba la kuyafikisha baharini likabaki kaskazini, na ndani ya mwaka mmoja visima vikafungwa kwa ugomvi wa ada. Desemba 2013 wenyewe kwa wenyewe wakaanza kupigana. Mpaka ulikuwa mpya, bendera mpya, na swali likawa lile lile la kisimani: nani ndiye mwenyeji hasa?

Nanyi hapa mna ushahidi wenu. Wazee wa Mueda wanalikumbuka jina la Lázaro Nkavandame, aliyefukuzwa FRELIMO mwaka 1969. Wenzake walimshitaki kwamba anataka Cabo Delgado ipate uhuru peke yake, na mwaka huo huo akaenda kwa Wareno. Na Kionga, hapo jirani! Wajerumani waliichukua mwaka 1894, Wareno wakaitwaa mwaka 1916. Mpaka ulikwenda ukarudi, na Wamakonde wakabaki ng'ambo zote mbili za Ruvuma, wakioana na kuzikana kama zamani.

Rehoboamu alikusanya wapiganaji 180,000 ili awarudishe ndugu zake kwa nguvu. Mungu akamtuma Shemaya kuwazuia, nao, kwa mshangao wangu kila nisomapo, wakatii wakarudi nyumbani. Siku hiyo damu haikumwagika. Lakini hakuna mahali tunaposoma kwamba mtu alitumwa Shekemu kusema, tulikosea, tuketi tuzungumze.

Zaidi ya miaka 900 baadaye Bwana Yesu alichoka safarini, akaketi kisimani kwa Yakobo. Kisima hicho kiko karibu na Shekemu, mahali pale pale ulipopasukia ufalme. Kufikia wakati huo Wayahudi na Wasamaria hawakuchangia hata chombo cha kunywea. Akaja mwanamke na mtungi wake. Bwana hakumuuliza kabila. Alimwomba maji.

Nimekwenda kwa yule mama Mmakua mara mbili. Amenikaribisha vizuri, ila maji bado anachota mtoni, na mnajua mamba wa Ruvuma. Yule kijana wa kwaya amenijia mwenyewe usiku, akasema si yeye aliyetaja Wamakua. Ni kweli, si yeye. Nikamwuliza, ulipiga kelele kumkataza? Akainamisha kichwa.

Jumamosi hii, baada ya mazoezi ya kwaya, saa kumi jioni, nitakwenda kwa mama huyo pamoja na kijana na wazee wawili wa kanisa, kisha tutaandamana naye mpaka kisimani. Dumu lake litakuwa la kwanza. Mwenye nafasi aje, na aje na dumu lake.

Mchungaji wenu katika Kristo.