Kipande cha Ukuta

Mpendwa, filamu ya Kihispania iitwayo Volver, ya mwaka 2006, inaanzia makaburini. Upepo wa uwanda wa La Mancha unavuma kwa nguvu, na wanawake wa kijiji wanafagia na kusugua makaburi ya jamaa zao huku wakizungumza. Katika kijiji hicho yupo mama anayesadikiwa kufa kwa moto, Irene. Kumbe yu hai. Anarejea kwa binti zake amejificha kwenye buti la gari, na haja yake kubwa ni kumwomba msamaha Raimunda, binti aliyeumizwa ndani ya nyumba yao bila mama yake kuona.

Aliyeigiza nafasi ya Irene ni Carmen Maura, mzaliwa wa Madrid, na kurudi kwake mwenyewe kunanigusa kuliko hata hadithi ya filamu.

Katika miaka ya 1980, Maura na mwongozaji Pedro Almodóvar walikuwa chanda na pete. Walianza na Pepi, Luci, Bom mwaka 1980, filamu ya fedha za kuungaunga, wakapanda pamoja hadi Mujeres al borde de un ataque de nervios ya mwaka 1988, iliyoteuliwa kuwania Oscar na kumpatia Maura Goya, tuzo ya filamu ya Hispania. Wakiwa juu namna hiyo, wakakosana. Undani wa ugomvi wao tuwaachie wenyewe.

Mwaka 1990, kwenye sherehe ya Goya, miezi michache baada ya Ukuta wa Berlin kufunguliwa, Almodóvar alimpa Maura kipande cha ukuta ule mbele ya watu, akitamani kwamba ukuta uliokuwa kati yao nao uanguke. Lilikuwa tendo jema. Hata hivyo, ilipita miaka mingi kabla hawajafanya filamu nyingine pamoja. Kutoka Mujeres hadi Volver ni miaka 18.

Je, nawe umewahi kutuma salamu ya amani, kisha ukajibiwa kwa ukimya? Ulihisi kwamba umejidhalilisha bure? Katika Biblia, Yakobo alitanguliza mifugo kama zawadi kwa Esau, ndugu yake aliyemkosea, akiwa bado anaogopa, na hapo alikuwa amekaa ugenini miaka 20. Mungu hakumdharau kwa kuchelewa kwake. Alitembea naye hivyohivyo, na woga wake.

Maura hakuipoteza miaka hiyo. Aliigiza ¡Ay, Carmela! ya Carlos Saura mwaka 1990, na La comunidad ya Álex de la Iglesia mwaka 2000, na kila moja ikamletea Goya nyingine. Tunaposubiri kupatana na mtu, kazi ya siku ingali ipo mbele yetu, na kuifanya vizuri nako ni uaminifu.

Aliporudi, kiti chake cha zamani kilikuwa na mwingine. Mwigizaji mkuu wa Volver ni Penélope Cruz. Maura alichukua nafasi ya mama. Nadhani hapa ndipo wengi wetu tunapokwama. Tuko tayari kupatana, mradi turudishiwe heshima yote tuliyokuwa nayo. Wewe ungeipokea nafasi ndogo? Maura aliipokea, akaitenda kwa moyo wote, na kwenye tamasha la filamu la Cannes tuzo ya mwigizaji bora wa kike iligawiwa wanawake sita wa filamu hiyo, naye akiwemo.

Irene naye haishii kwenye kuomba radhi. Anakwenda kumuuguza jirani yake Agustina, mgonjwa wa saratani, ambaye mama yake aliangamia katika moto aliouwasha Irene mwenyewe. Marehemu hawezi kumrudisha. Anachoweza ni kukaa kando ya kitanda cha binti wa marehemu, leo na kesho.

Nao Yakobo na Esau walipokutana walikumbatiana wakalia, kisha Esau akaenda Seiri na Yakobo akaenda Sukothi. Hawakuishi tena hema moja, lakini walimzika baba yao, Isaka, wakiwa pamoja.

Mpendwa, kama kuna jina ambalo limekuwa zito kwako kulitaja, juma hili litaje katika sala, hata kama huna neno la kuongeza. Ukipata nafasi ya kumsalimu mwenye jina hilo, msalimu, wala usimdai jibu.