Kusadikika na Kusadikiwa

Nchi isiyopata kuwako yawezaje kumfunza mtu haki na dhuluma? Wako wasemao kwamba ubuni ni ndugu wa uongo, na kwamba mwandishi aliyeona dhuluma yampasa aitaje kwa jina lake na mahali pake. Hoja hiyo ina uzito, wala haifai kupuuzwa. Na tuipime kwa mfano wa nchi inayojulikana sana katika fasihi yetu, nayo ni Kusadikika, nchi ya angani aliyoibuni Shaaban Robert.

Kitabu hicho kilitolewa mwaka 1951, Tanganyika ilipokuwa chini ya utawala wa Waingereza, na mtungaji mwenyewe alikuwa mtumishi wa serikali hiyo. Katika nchi hiyo ielekeayo hewani, Karama ashtakiwa na waziri Majivuno kwa kosa la kufundisha elimu ya sheria. Katika kujitetea, Karama awataja wajumbe sita waliopata kutumwa mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Kila mmoja alirudi na habari za manufaa kwa nchi yake, na ujira wa kila mmoja ukawa kifungo.

Jina la nchi hiyo lastahili kutazamwa kwa makini. Katika sarufi yetu, kusadikiwa huhitaji mtu: jambo husadikiwa na fulani. Kusadikika hakuhitaji mtu. Jambo husadikika kwa sifa yake lenyewe, hata kama hapana hata mmoja aliyelikubali. Silabi moja yatenga maneno hayo mawili, na ndani ya nafasi hiyo ndogo waliwekwa wafungwa sita. Habari zao zilisadikika, wao hawakusadikiwa. Dhuluma ya nchi ile, basi, haikutokana na upungufu wa ushahidi. Ilitokana na wasikilizaji waliokuwa na uwezo wa kupima, wakachagua kuadhibu.

Twaona pia kwamba ardhi imo katika orodha ya nchi za mbali. Dunia hii yetu, ambayo sisi twaikanyaga pasipo kuistaajabia, kwa watu wa angani ni ugeni unaohitaji mjumbe, na habari zake huhesabiwa kuwa njozi. Msomaji aliyefungua kitabu ili ahukumu kama nchi ya hewani yaweza kuaminiwa, ghafula ajikuta yeye ndiye habari ya ajabu inayohukumiwa na wengine. Hapo aonja, kwa kadiri fulani, hali ya mtu mkweli aliyekataliwa.

Walakini mpinzani wetu hajamaliza. Atasema: nchi ikiwa angani, mtawala dhalimu aweza kuisoma akacheka, akasema hayamhusu. Ni kweli. Pazia limfichalo mwandishi humpa mkosaji naye mahali pa kujificha. Jonathan Swift, katika kitabu chake cha mwaka 1726, alibuni kisiwa kirukacho, ambacho mfalme wake hukisimamisha juu ya miji iliyoasi ili kuinyima jua na mvua. Na wako waliokisoma kama mchezo wa watoto tu.

Lakini tuulize: shutuma iliyotaja jina huishi muda gani? Mtajwa akifa au akiondoka madarakani, shutuma hubaki kuwa historia, na mrithi wake huisoma kwa amani. Utawala wa Waingereza katika Tanganyika ulikwisha mwaka 1961. Kesi ya Karama haikwisha pamoja nao. Kila baraza limfungalo mleta habari huingia katika nchi ile kwa miguu yake lenyewe. Nchi isiyo na ardhi haina mpaka, na kwa hiyo hapana awezaye kuapa kwamba yuko nje yake.

Uongo hutaka tuamini kwamba jambo lilitukia. Ubuni wa namna hii haudai hivyo. Watuomba tuamini kwamba jambo ni baya, popote litukiapo. Mwishoni mfalme wa Kusadikika aliwafungua wajumbe na Karama akawa huru. Hilo lilimpasa mfalme. Kwetu sisi tusomao na kufundisha limebaki pasalo: kila aletapo mtu habari tusiyoipenda, kupima kwanza kama yasadikika, kabla ya kutazama ni nani aliyeileta.