Hati ya Kustaafu kwa Khiyari Yafuta Deni Gani?

Liko jambo ambalo watu wetu wa bandarini na wa maofisini huulizana mara kwa mara. Mtu ametumika miaka mingi, kisha tajiri wake akamwambia: ukipenda kustaafu kwa khiyari yako, nitakupa fedha hizi juu ya haki yako. Akakubali, akatia mkono katika hati isemayo kwamba hana tena dai lolote. Baadaye akajua kuwa alikuwa akipunjwa ujira wake. Je, yamjuzia kudai?

Jambo hili si geni. Serikali ya Kenya ilipoanza kupunguza watumishi wake mwaka 1993, wengi walitoka kwa mpango wa namna hii. Na huko Bara Hindi, mwaka 2003, wafanyi kazi wa mashirika mawili ya Serikali ya kutengeza mbolea walidai nyongeza ya mishahara. Mahakama ya Juu ikajibu kwamba aliyepokea fedha za kustaafu kwa khiyari ameondoka na haki zake zote, wala hana njia ya kurejea kudai ya nyuma.

Hukumu hii ina kweli ndani yake, walakin maneno yake ni mapana mno. Nyongeza ambayo tajiri hakuikubali si deni, ni tamaa, na mwenye kutoka kazini huiacha nyuma yake. Ama ujira wa siku iliyokwisha kutumikiwa, huo ni deni katika dhima ya tajiri, na deni haliondoki ila kwa kulipwa au kusamehewa. Na katika madhehebu yetu ya Kishafii, kwa kauli mpya ya Imamu, ambayo ndiyo aliyoishika Imamu Nawawi katika Minhaji, kusamehe deni lisilojulikana hakuswihi. Mahanafi na Wamaliki husema kwaswihi. Lakini mtu asiyejua kuwa anadai, amesamehe nini? Na iwapo tajiri ameyaona madaftari yake akayaficha, ile hati ni pazia tu juu ya dhulma. Mwenye kutaka kuisafisha dhima yake na aandike waziwazi: ujira kadha, likizo kadha, saa za ziada kadha, kisha ndipo aombe kusamehewa.

Aliyelijua deni lake lote, akapima, akaona fedha za mkononi ni bora kwake, akasamehe kwa ridhaa, huyo yake yamekwisha. Kaab bin Malik alimdai Ibn Abi Hadrad msikitini hata sauti zikapanda, Mtume (s.a.w.) akamwashiria aondoe nusu, akaondoa, na mdaiwa akaamrishwa ainuke alipe. Wako watu ambao hukumbuka kudhulumiwa pale fedha zinapokwisha, na fedha za kustaafu huisha upesi, khasa zikijulikana mtaani. Hao hawadai haki. Wataka kula bei na bidhaa pamoja. Ama aliyeambiwa, toka leo kwa khiyari au kesho utatolewa bure, na tajiri hana haki ya kumtoa, khiyari ya huyo ni jina tu.

Limebaki suala la muda. Sheria ya kazi ya Kenya ya mwaka 2007 yampa mdai miaka mitatu, na ikipita, mahakama haimsikii. Tajiri asifurahi kwa hayo. Kupita kwa muda humzuia hakimu kusikiza, hakulipi deni. Bibi Ummu Salama amepokea khabari ya watu wawili waliomjia Mtume (s.a.w.) wakigombea mirathi, wala hapana mwenye ushahidi. Akawaonya kwamba atakayehukumiwa kwa haki ya nduguye amekatiwa kipande cha moto. Wote wawili wakalia, kila mmoja akasema, haki yangu nampa mwenzangu. Akawaambia wagawane, wapige kura, kisha kila mmoja amhalalishie mwenziwe.