Msiba wa Mwanamume Aliyenyamaza

Mwanamke asiye na mimba akifiwa na mumewe hukaa eda ya miezi 4 na siku 10, na mji mzima hujua kuwa yumo msibani. Mwanamume akifiwa na mkewe hana eda. Siku ya nne hufungua duka lake, huitika salamu, hupima mchele, na watu husema, "Huyu hana uchungu." Akidondokwa na chozi, huambiwa hana imani.

Twasema, maneno yote mawili si haki. Mtume (S.A.W.) alipofiwa na mwanawe Ibrahim, mwaka wa 10 wa Hijra, alitokwa na machozi. Abdurrahman bin Auf akastaajabu, naye Mtume akambainishia kuwa hayo ni rehema. Basi subira si kutoumia. Subira ni kuumia pasi na kumlaumu Mola. Wala moyo haupimwi kwa sauti ya kilio.

Jaafar bin Abi Talib alipouawa katika vita vya Muta, mwaka wa 8, Mtume aliamrisha jamaa zake wapikiwe chakula, kwa kuwa wameshughulishwa na msiba. Sisi twafanya kinyume: twala matangani kwa mali ya mfiwa, kisha twamwacha na deni na nyumba tupu.

Ndugu zetu, anyamazaye asidhaniwe amepoa. Tumwendee baada ya matanga, tukae naye baina ya Magharibi na Isha, hata kama hatusemi neno. Na sahani ya chakula itoke kwetu iende kwake.