Nusu ya Mifugo: Asili, Jina na Haki ya Kuainisha Watu katika Bonde la Mto Tana

1.0 Utangulizi

Miongoni mwa maswali ambayo fasihi ya pwani ya Kenya imeyauliza tangu kale ni lile la asili ya mtu. Je, mtu aliyezaliwa na wazazi wa jamii mbili, au aliyelelewa na jamii isiyo ya babu zake, ni wa wapi? Mara nyingi swali hili huulizwa kana kwamba jibu lake limo katika damu ya anayeulizwa, na kwamba kinachohitajika ni kulitafuta tu. Makala haya yana msimamo tofauti. Yanadai kwamba kabila la mtu, kama linavyotajwa hadharani, ni jibu kwa swali la mtu mwingine. Kwa hiyo suala la kimaadili halihusu usahihi wa jibu peke yake. Linamhusu zaidi muulizaji: ana mamlaka gani, analitaka jibu kwa ajili gani, na anayejibu atatozwa nini.

Uwanja wa mjadala huu ni bonde la Mto Tana, hususa sehemu ya chini kuanzia Garsen hadi Kipini, mto unapoingia baharini. Eneo hili linafaa kwa sababu mbili. Kwanza, historia yake ina tukio ambalo serikali iliwataka watu wachague kabila kwa kuvuka mto au kutouvuka. Pili, huko ndiko kisa cha Fumo Liyongo kinakofikia mwisho wake, na kisa hicho, katika utenzi ulioandikwa na Muhammad bin Abubakar Kijumwa mwaka 1913, kinamhusu mwana wa jamii mbili. Tukio na utenzi vitasomwa kwa pamoja, kwa kuwa kila kimoja kinakiangazia kingine.

2.0 Watu wa Mto na Ugumu wa Kuwaainisha

Maelezo yaliyozoeleka kuhusu Tana ni mepesi: Wapokomo ni Wabantu, wakulima wa kandokando ya mto, Waorma ni Wakushi, wafugaji wa nyika. Maelezo haya si ya uongo, lakini huanza kuvunjika mara tu mtu anapoufuata mto kuelekea juu. Wailwana, ambao pia huitwa Wamalakote, wana lugha ya Kibantu ya kundi la Sabaki, kundi lenye Kiswahili, Kipokomo, Kimijikenda na Kikomoro ndani yake. Hata hivyo, lugha hiyo imeathiriwa mno na Kiorma, si katika msamiati tu bali hata katika sarufi. Wamunyoyaya nao hulima kando ya mto kama Wapokomo, ilhali lugha yao ni ya jamii ya Kioromo. Basi ikiwa kigezo ni lugha, Wamunyoyaya wako upande wa wafugaji. Ikiwa kigezo ni kazi, wako upande wa wakulima.

Dini nayo haisaidii kuuweka mpaka. Wapokomo wa juu ni Waislamu kama walivyo Waorma. Wapokomo wa chini wengi wao ni Wakristo, kutokana na kazi iliyoanzwa na wamishenari wa Kijerumani wa Neukirchen waliofika Ngao katika miaka ya 1880. Kwa hiyo mstari wa dini unapita ndani ya Wapokomo wenyewe, wala haupiti baina yao na jirani zao.

Hata maneno ya maisha ya kila siku hayautambui mpaka huo. Neno malka, yaani njia ya kuipeleka mifugo mtoni kunywa maji, ni la Kiorma. Lakini njia hiyo hupita baina ya mashamba ya Wapokomo, na wote wawili hulitumia neno hilohilo wanapopatana au wanapogombana juu yake. Mahadhi ya wimbo wa taifa wa Kenya, uliotungwa mwaka 1963, yalitokana na wimbo wa kubembelezea watoto wa Wapokomo, uliopatikana kwa Mzee Meza Moroa Galana. Na hilo neno Galana, ambalo pia ni jina la mto mwingine wa pwani, asili yake ni Kioromo. Hayo hayathibitishi kwamba Wapokomo na Waorma ni watu wamoja. Yanathibitisha jambo dogo zaidi lakini lenye uzito: kwamba watu wanaweza kuwa wawili na bado wakawa wamekaa ndani ya vinywa vya wenzao kwa muda mrefu.

3.0 Mapatano ya Mwaka 1919

Katika nusu ya pili ya karne ya 19, Waoromo wa mashariki ya Tana, ambao katika maandishi ya zamani huitwa Wagala (jina walilopewa na wengine, na ambalo wenyewe hawalipendi), walishindwa vitani na Wasomali. Waliosalia wengine walivuka mto na kuwa hawa Waorma wa leo. Wengine walibaki upande wa mashariki wakiwa mateka au watu wa kuhifadhiwa na mabwana wa Kisomali. Kwa miaka mingi hawa wa pili, waitwao Wawardei, waliishi, wakaoa na kuchunga miongoni mwa Wasomali, na wengi wao wakawa wasemaji wa Kisomali.

Serikali ya Waingereza ilipopanua utawala wake ilikuta watu ambao haikujua iwaandike wapi. Mwaka 1919 yalifikiwa mapatano. Mwardei aliyetaka kurudi kwa jamaa zake Waorma aliruhusiwa kuvuka kwenda upande wa magharibi wa mto, lakini kwa sharti la kuwaachia mabwana zake wa Kisomali nusu ya mifugo yake. Aliyebaki upande wa mashariki angehesabiwa kuwa Msomali.

Mapatano haya yanastahili kutazamwa kwa makini, maana yamebeba fikra tatu zinazopingana. Kwanza, yanakiri kwamba kabila ni jambo la hiari: mtu yuleyule, mwenye wazazi walewale, angeweza kuwa Mworma au Msomali kwa kadiri alivyoamua. Pili, yanakataa kwamba hiari hiyo ni ya kudumu: baada ya kuchagua, mto uligeuzwa kuwa ukuta, na aliyekuwa na ndugu pande zote mbili alitakiwa aishi kana kwamba hana. Tatu, yanaiwekea hiari hiyo bei, na bei hiyo hailipwi na aliyeuliza swali. Msimamizi wa mapatano hakupoteza hata mbuzi mmoja. Aliyelipa ni yule ambaye babu yake alitekwa.

Inafaa kukumbuka kwamba mwaka huohuo wa 1919 ilitungwa pia sheria iliyowasamehe baadhi ya Wasomali wasihesabiwe kuwa wenyeji wa Kiafrika kwa madhumuni fulani ya kisheria. Kwa hiyo kuwa Msomali mjini Nairobi kulimfungulia mtu mlango ambao haukuwa na maana yoyote kwa Mwardei wa Tana. Jina lilikuwa moja, lakini maswali yaliyokuwa nyuma ya jina yalikuwa mawili, na kila swali lilizaa Msomali wake.

Huenda ikasemwa kwamba kumpa mtu uchaguzi ni bora kuliko kumchagulia. Hoja hii ina ukweli, lakini inasahau kuuliza ni machaguo gani hayakuwekwa mezani. Hakuna kifungu kilichomruhusu Mwardei kusema kwamba yeye ni wa pande zote mbili. Uchaguzi ambao umekwisha kuliondoa jibu la kweli kabla ya kuanza si hiari kamili. Ni adabu ya kulazimisha. Matokeo yake hayakuisha na mapatano. Kwa vizazi vilivyofuata, Wawardei wamehesabiwa na wengine kuwa Waorma waliorudi kwao, na wengine wakawahesabu kuwa Wasomali waliovuka mto. Tofauti baina ya kurudi na kuvuka ni tofauti baina ya mwenyeji na mgeni, nayo haikuamuliwa na wao.

4.0 Mwana wa Liyongo

Katika utenzi wa Kijumwa, Wagala wanafika Pate na kumwona Liyongo. Wanastaajabia umbo na ushujaa wake, nao wanamwomba mfalme wa Pate awapatie mbegu yake. Liyongo anaozwa mwanamke wa Kigala, na anazaliwa mwana wa kiume anayefanana na baba yake. Baadaye mfalme, ambaye anamwogopa Liyongo, anamtumia kijana huyo: anamwahidi cheo na binti yake iwapo atachunguza kitu gani kinachoweza kumuua baba yake. Kijana anaijua siri ya sindano ya shaba na kitovu, na anamuua Liyongo usingizini. Malipo aliyoahidiwa hayapati, na mwisho wake ni wa aibu.

Kuna usomaji mwepesi wa kisa hiki ambao unastahili kupingwa. Usomaji huo unamwona mwana kuwa ni mtu ambaye usaliti wake ulitokana na kuchanganyika kwake: kwamba asingekuwa wa mama Mgala, asingemgeukia baba. Utenzi wenyewe hausemi hivyo. Kinachosemwa waziwazi ni kwamba alihongwa, na aliyemhonga ni mfalme, mtu wa mji, asiyekuwa na mchanganyiko wowote unaotajwa. Damu ya kijana haina kazi katika msuko wa kisa ila kama jambo ambalo wengine wanalitumia. Wagala wanaitaka kwa sababu ya nguvu zake. Mfalme anaitumia kwa sababu inamfikisha kijana kitandani kwa baba yake. Hakuna anayemuuliza kijana yeye mwenyewe anajiona nani.

Hapa ndipo mapatano ya 1919 yanapousaidia uhakiki. Mwana wa Liyongo na Mwardei wa Tana wamewekwa mahali pamoja: mwenye mamlaka anamtaka kila mmoja wao athibitishe upande wake kwa kutoa sehemu ya kile alicho nacho. Mmoja anadaiwa nusu ya mifugo, mwingine anadaiwa baba. Hii haimwondolei kijana lawama. Aliua, naye alijua anachofanya; kuahidiwa si kulazimishwa. Lakini lawama yake ni ya mwanadamu aliyetamani cheo, si ya mtu wa damu mbili. Mhakiki anayeihamisha lawama hiyo kutoka kwenye tamaa na kuitia kwenye asili, anaikamilisha kazi ya mfalme.

Isitoshe, Liyongo mwenyewe hakubaki mali ya upande mmoja. Kaburi lake linaonyeshwa katika eneo la Kipini, na masimulizi yake yamo miongoni mwa Waswahili na Wapokomo vilevile. Shujaa aliyeuawa na mwana wa jamii mbili amekuwa babu wa jamii zaidi ya moja, na hakuna anayeona ajabu. Jamii humruhusu marehemu shujaa jambo ambalo humnyima jirani aliye hai.

5.0 Hoja ya Upande wa Pili

Itakuwa makosa, hata hivyo, kuhitimisha kwamba majina ya makabila ni hila tupu na yafutwe. Kwa watu wa Tana, ukoo na kabila ndivyo vinavyosema nani atasaidia kulipa mahari, nani atazika, na nani ana haki ya kupitisha ng'ombe wake kwenye malka wakati wa kiangazi. Aidha, Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika kifungu cha 56, inaitaka serikali iweke mipango maalumu kwa ajili ya jamii ndogo na zile zilizosahauliwa. Jamii isiyo na jina haiwezi kudai mpango huo. Kumwambia Mmunyoyaya kwamba kabila ni dhana tu, wakati jirani zake wakubwa wanagawana viti na ardhi kwa majina yao, ni kumpokonya ngao na kumwachia mawaidha.

Lakini ngao na mkuki hufuliwa kwa chuma kimoja. Kugombea ardhi na maji kulikuwapo kabla ya mwaka 2012, na zoezi la kupima ardhi lilikwisha kuchochea mapigano mwaka 2001. Tarehe 22 Agosti 2012, katika kijiji cha Riketa, watu zaidi ya 50 waliuawa, wengi wao wakiwa wanawake na watoto. Kabla ya mwaka kwisha, kijiji cha Kipao nacho kilishambuliwa. Katika mashambulizi ya namna hiyo swali la asili halikuulizwa kabisa. Mshambuliaji alikuwa amekwisha kujibu kwa niaba ya aliyelala ndani. Mtoto ambaye mama yake ni wa upande mmoja na baba wa upande wa pili hakuwa na kijiji ambacho angekimbilia bila ya kuhesabiwa kuwa adui na baadhi ya watu.

Basi tofauti inayotakiwa si ile ya jina la kweli na jina la uongo, kwa kuwa majina yote ya jamii yametungwa na watu. Inayotakiwa ni tofauti ya matumizi. Jina ambalo mtu analitaja ili apate maji, mazishi au kiti cha haki yake, na ambalo halimlazimishi kumkana mama yake, ni jina linalovumilika kimaadili. Jina analotajiwa mtu ili aondolewe, atozwe au auawe, halivumiliki hata kama kila neno katika nasaba yake limethibitishwa.

6.0 Hitimisho

Makala haya yamejadili suala la asili kwa kuyasoma mapatano ya mwaka 1919 sambamba na utenzi wa Liyongo. Imeonekana kwamba katika Tana lugha, kazi, dini na nasaba hazifuati mstari mmoja, na kwamba mstari ulionyooka ulitokea pale tu mwenye mamlaka alipouhitaji. Imeonekana pia kwamba uhakiki wa fasihi hauko nje ya jambo hili. Kila mara mwana wa Liyongo anaposomwa darasani kama mfano wa hatari ya damu iliyochanganyika, wanafunzi hufundishwa kumtazama jirani kwa jicho la mfalme wa Pate. Wanaweza kufundishwa vingine: waanze na ile ahadi, wamuulize aliyeitoa alitaka nini, kisha ndipo wamhukumu aliyeipokea.

Kuhusu Mwardei aliyesimama ukingoni mwa mto mwaka 1919 akiihesabu mifugo yake, hukumu haihitaji nasaba ndefu. Alikuwa na haki ya kuvuka na kundi lake zima, na haki ya kurudi kuwatazama aliowaacha.