Gemu Isiyo na Duka

Mteja wangu wa kawaida hapa Malava ni kijana mwenye PSP ya mtumba na memori kadi iliyojaa mafaili ya zip. Amepakua, amehamisha, amewasha, na mashine inasema hakuna gemu. Analeta kwangu. Chuo niliacha, kompyuta sikuacha.

Shida yenyewe ni ndogo. Zip ni gunia lililoshonwa mdomo, na PSP husoma kwa kurukaruka: sauti hapa, ramani kule. Kwa hivyo natoa ISO, yaani nakala nzima ya diski, ambayo inaweza kufika GB 1.8. Kadi ikiwa ndogo naigeuza iwe CSO. Humo diski hukatwa vipande vya baiti 2,048, kila kimoja kikabanwa peke yake, ili mashine ifungue kile inachohitaji tu. Faili inapungua na gemu haipotezi kitu.

Bei ni shilingi hamsini. Sasa, hapo nauza nini hasa?

Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 haijali kwamba mwenye gemu ameacha kuiuza. Bado ni yake. Mimi nami nina jibu langu: utafiti wa Video Game History Foundation wa 2023 ulikuta asilimia 87 ya gemu zilizotoka Marekani kabla ya 2010 haziuzwi tena. Simkoseshi mtu mauzo. Naipenda hoja hii, na ndiyo maana naishuku, kwa sababu inaniachia hamsini mfukoni.

Kijana mmoja aliniomba nimwekee pia nyimbo za msanii wa huku kwetu. Nikakataa.

"Kaka, si zote ni mafaili tu?"

Nikamwambia huyo msanii analipa nyumba kwa nyimbo hizo.

"Kwa hivyo ukimjua mtu ndio inakuwa wizi?"

Ilinichoma. Lakini kujuana si hoja. Wimbo bado uko sokoni, ukilipa mwenyewe anapata. Gemu ile, hata ningetaka kulipa, ningemlipa nani? Ikirudi kuuzwa naifuta kwa kompyuta yangu. Kijana akasema itarudi kwa mashine mpya ambayo babake hawezi kununua hata akivuna miwa misimu miwili. Kwa hilo sikuwa na jibu, na bado sina.

Nikamgeuzia gemu, nikachukua hamsini yangu. Nyimbo alisema atanunua. Sikumfuata kuangalia.