Mgeni, Mtafiti na Haki ya Kueleweka

Alfred Schutz alizaliwa Vienna mwaka 1899. Wanazi walipoitwaa Austria mwaka 1938, alipoteza makwao. Mwaka uliofuata alifika New York, akaendelea kufanya kazi ya benki mchana na falsafa usiku. Mwaka 1944 alichapisha makala juu ya mgeni: mtu ambaye yale wenyeji wanayoyaona ya kawaida, kwake ni maswali.

Akijenga juu ya fenomenolojia ya Husserl, Schutz alishikilia kuwa jamii haichunguzwi kama mawe. Jiwe halijifasiri, binadamu huwa amekwisha kujifasiri kabla mtafiti hajabisha hodi. Kwa hiyo dhana za sayansi ya jamii ni tafsiri juu ya tafsiri, na ni sharti mtendaji mwenyewe aweze kuzielewa kwa akili yake ya kila siku.

Wapo watakaopinga: watu hujidanganya, na mdhalimu hakosi maelezo mazuri ya matendo yake. Ni kweli. Lakini sharti hilo halidai kwamba anayeelezwa aikubali hukumu. Ladai aelewe kinachosemwa juu yake. Anayeelewa aweza kubisha. Asiyeelewa amenyimwa hata nafasi ya kukana.

Mhamiaji aliyegeuzwa takwimu katika ripoti anaijua tofauti hiyo. Hesabu yaweza kuwa sahihi kabisa, na bado isiseme lolote kuhusu asubuhi ile alipofunga mlango wa nyumba yake, akampa jirani ufunguo.